Msikilize Lupita Kabla ya Kumtazama

Mwaka 2024 mwigizaji Lupita Nyong'o alitoka na filamu mbili kubwa zilizopishana kwa miezi mitatu. Katika A Quiet Place: Day One, iliyoingia sinema mwishoni mwa Juni, uso wake uko mbele ya kamera karibu muda wote, lakini maneno yake ni ya kuhesabu, maana katika dunia ya filamu ile anayetoa sauti huuawa. Katika The Wild Robot, filamu ya uhuishaji ya mwishoni mwa Septemba, anasema tangu mwanzo hadi mwisho na haonekani hata ukucha. Ya kwanza ilimnyang'anya sauti, ya pili ikamnyang'anya mwili. Sokoni zote mbili zilifanya vizuri: ya kwanza iliingiza zaidi ya dola milioni 260 duniani, ya pili zaidi ya milioni 320.

Tangu apokee Oscar ya mwigizaji msaidizi tarehe 2 Machi 2014, wapenzi wengi wa filamu wamekuwa wakiuliza: baada ya tuzo ile, mbona haonekani? Wengine wamemwona kama nyota aliyewaka mara moja kisha akafifia. Hesabu hiyo inafanywa kwa jicho, na kwa jicho ina mantiki. Kati ya 2014 na 2018, nafasi alizocheza kwa uso wake mwenyewe kwenye sinema zinahesabika kwa vidole vya mkono mmoja na vinabaki. Ila kazi ya Lupita haifuatiki vizuri kwa jicho. Shina lake ni sauti: pumzi, lafudhi, namna neno linavyokaa mdomoni. Ukiifuata kwa sikio, miaka inayodhaniwa kuwa mitupu inajaa, na yale anayosifiwa kama kipaji cha kuzaliwa yanaonekana kuwa ufundi wenye hatua zake, gharama zake na majeraha yake.

Alizaliwa Mexico City mwaka 1983, wazazi wake Wakenya wakiwa huko, akarudishwa Kenya akiwa bado mtoto mchanga na kukulia Nairobi. Nyumbani Kijaluo, shuleni Kiingereza, mitaani Kiswahili. Akiwa na miaka 16 wazazi wakampeleka Mexico kwa miezi saba, akasoma Kihispania katika mji wa Taxco. Lugha nne kabla ya kufika chuo kikuu si pambo la wasifu. Kijaluo kinatofautisha sauti ambazo Kiswahili sanifu hakizijui: kuna t ya kawaida na kuna nyingine ambayo ulimi hugusa meno, vivyo hivyo kwa d. Mtoto aliyezoea kutenganisha sauti za karibu hivyo anakua na sikio linalosikia tofauti ndogo, na katika kazi ya lafudhi, usilolisikia huwezi kulitamka.

Jukwaa lilikuja mapema pia. Akiwa na miaka 14 alicheza Juliet na kikundi cha Phoenix Players, Nairobi. Ukumbi wa maigizo humfundisha kijana jambo ambalo kamera hailifundishi: mwisho wa sentensi lazima ufike safu ya nyuma. Waigizaji wetu wengi walioanzia kwenye video huanza sentensi kwa nguvu na kuimaliza kwa pumzi iliyokwisha, neno la mwisho likaanguka sakafuni. Kwa Kiswahili hasara yake ni kubwa, kwa sababu mara nyingi neno lenye uzito hukaa mwishoni.

Miaka iliyofuata niipite haraka. Alisoma filamu na maigizo Hampshire College, Massachusetts. Alifanya kazi za nyuma ya kamera kwenye The Constant Gardener ilipopigwa Kenya, kisha kwenye The Namesake ya mwongozaji Mira Nair. Mwaka 2009 alionekana katika tamthilia ya vijana ya Shuga, na mwaka huohuo filamu yake ya kweli kuhusu Wakenya wenye ualbino, In My Genes, ikatoka. Asiyejua historia hii hudhani Hollywood ilimwokota mitaani. Alipoomba nafasi ya kusoma Yale, chuo kikuu cha Marekani, alikuwa tayari ameshika kazi za seti, ameongoza filamu na amesimama mbele ya kamera.

Yale ndipo penye uzito. Shule ya maigizo ya chuo hicho ni ya miaka mitatu, na sehemu kubwa ya siku ya mwanafunzi inakwenda kwenye mwili na sauti kabla ya kugusa nafasi yoyote. Lupita ameeleza hadharani kwamba alipofika pale alijiwekea ahadi ya kujifunza kuzungumza kama Mmarekani, kwa kuwa aliamini bila hilo hatapata kazi, na akaacha kutumia lafudhi yake ya Kikenya hata nje ya darasa. Wanaodhani kazi hiyo ni kubana pua kidogo na kuzungusha r hawajaijaribu.

Kiswahili kina irabu tano. Kiingereza cha Marekani kina zaidi ya kumi, na nyingi zinakaa katika nafasi ambazo sisi tuna irabu moja. Ndiyo maana Mswahili akilitamka neno la Kiingereza la meli (ship), Mmarekani anaweza kusikia kondoo (sheep). Kuna mkazo: kwetu unakaa silabi ya pili kutoka mwisho, karibu bila kukosea, lakini Kiingereza huuhamisha neno kwa neno. Halafu kuna mdundo. Sisi huipa kila silabi muda wake, Mmarekani humeza silabi zisizo na mkazo, na mwigizaji anayezitamka zote kwa haki sawa husikika mgeni hata kama kila sauti yake ni sahihi. Mwisho r: yetu hugongwa na ncha ya ulimi, ya Kimarekani ulimi hujikunja bila kugusa popote.

Mwalimu wa lafudhi mwenye kujua kazi hafundishi maneno. Huanza kwa kutafuta msemaji halisi, wala si mwigizaji mwingine, ambaye umri wake, jinsia na mahali alipokulia vinakaribiana na mhusika, akamrekodi akizungumza bila kusoma kwa dakika tano hadi kumi. Mwanafunzi husikiliza kwanza mahali mdomo unapopumzika msemaji anaponyamaza kufikiri, maana ile sauti ya kusitasita ndiyo nyumbani kwa lafudhi nzima. Kisha hupiga mdundo kwa vidole bila maneno. Irabu hufuata, konsonanti baadaye. Ndipo skripti inapochukuliwa na kuwekwa alama juu ya kila silabi inayobadilika. Baada ya hapo hutakiwa aishi na lafudhi siku nzima, dukani, kwenye simu, hadi aisahau.

Inapoharibika, huharibika mahali pamoja: kwenye hisia. Mwigizaji akitulia anasema vizuri, akilia au kupiga kelele lafudhi ya mama inarudi. Sababu ni ya kimwili. Hofu na kilio hupandisha pumzi kifuani, koo hujibana, na mdomo hukimbilia njia iliyozoeleka tangu utotoni. Kwa hiyo mazoezi ya lafudhi yanayofanyika mtu akiwa amekaa kitini peke yake ni nusu ya mazoezi. Lazima maneno yaleyale yasemwe mtu akikimbia, akicheka, akinong'ona, akibeba mzigo.

Mtihani mkubwa wa Lupita ulikuja kabla hajavaa joho. Kwa nafasi ya Patsey katika 12 Years a Slave, ile iliyompa Oscar, alituma kwanza video ya usaili, akaitwa Los Angeles mbele ya Francine Maisler, msimamizi wa uteuzi wa waigizaji, kisha Louisiana kukutana na mwongozaji Steve McQueen. Alihitimu 2012, na majira hayohayo ya kiangazi alikuwa Louisiana akipiga filamu. Patsey alikuwa mtu halisi, mtumwa aliyetajwa katika kitabu cha Solomon Northup cha 1853, aliyeweza kuchuma zaidi ya ratili 500 za pamba kwa siku, yaani kilo zipatazo 227. Katika filamu anapigwa hadi ngozi inachanika kwa sababu ya kipande cha sabuni.

Irudie sehemu hiyo ukiwa umefumba macho. Mwigizaji wa kawaida angepandisha sauti polepole hadi kilio, maana ndiyo njia iliyo wazi. Lupita anaanza na hasira yenye haki, anajieleza kama mtu anayejua thamani ya kazi yake, na pumzi inamkatika katikati ya maneno kabla hata mjeledi haujaja. Kilio kinafika baadaye, kikiwa kimechelewa, ndiyo maana kinaumiza. Na lafudhi ya Marekani Kusini ya karne ya 19 haimtoki hata pale. Hapo ndipo miaka mitatu ya Yale inaposikika.

Kisha akafanya jambo ambalo kwangu ni kubwa kuliko tuzo. Filamu ilipoanza kutangazwa na mialiko ya mahojiano kuja kwa wingi, aliamua kuzungumza kwa lafudhi yake ya Kikenya, baada ya miaka ya kuificha. Ameeleza kwamba alitaka Mwafrika anayemtazama aone kuwa anatosha jinsi alivyo. Uamuzi huo ulikuwa na hatari ya kikazi iliyo dhahiri: wanaogawa kazi Hollywood huamua kwa kusikia mahojiano, na mtu akisikika mgeni hupangwa kwenye kapu la wageni. Lakini ulikuwa pia tangazo la ufundi. Aliyemsikia akihojiwa kisha akakumbuka Patsey alielewa mara moja kwamba ile sauti ya kwenye filamu ilikuwa imejengwa.

Kapu lenyewe lilimfuata. Mwaka 2025 alisimulia kwamba baada ya Oscar alitarajia kuombwa kucheza wahusika wakuu, badala yake akapewa nafasi za watumwa, mojawapo ikiwa safari hii ndani ya meli ya watumwa. Alizikataa. Upande huu wa hadithi haupaswi kulainishwa. Mwaka 2014 uso wake ulikuwa kwenye mabango ya kampuni ya vipodozi ya Lancôme duniani kote na jarida la People likamtaja mrembo kuliko wote mwaka huo, huku watayarishaji wakishindwa kumwandikia mwanamke mweusi wa kawaida mwenye kazi, wivu, mpenzi na deni. Ngozi nyeusi iliuza vipodozi, skripti zikawa bado zimefungwa. Kosa hapo ni la soko.

Alichokifanya ni kupita mlango ambao ngozi haikuulizwa. Mwaka 2015 akawa Maz Kanata katika Star Wars: The Force Awakens, kiumbe mdogo mwenye miaka zaidi ya elfu moja, kwa teknolojia ya kunasa miondoko. Alisema wazi kwamba baada ya Patsey, ambaye mwili wake ndio ulikuwa uwanja wa mateso, alitaka nafasi ambayo mwili hauamui kitu. Katika kazi hii mwigizaji huchorwa nukta usoni na kuvalishwa kamera ndogo inayoning'inia mbele ya uso. Kompyuta hufuata nukta hizo na kuzihamishia kwa kiumbe. Tatizo lake ni kwamba miondoko midogo hupotea njiani. Kope inayotetemeka, inayotosha kabisa kwenye sinema ya kawaida, inaweza isifike upande wa pili. Mwigizaji hulazimika kuipa sauti sehemu ya kazi ya uso. Mwaka uliofuata akawa Raksha, mbwamwitu mama, katika The Jungle Book, safari hii kwa sauti tupu.

Je, ulikuwa uamuzi mzuri? Kwa ufundi, ndiyo. Kwa kazi yake kama nyota, bei ilikuwa kubwa, maana miaka miwili mitatu baada ya Oscar ndiyo ambayo jina hupanda thamani, naye aliitumia akiwa hana uso. Lakini wanaosema alipotea wanasahau alichokuwa akifanya usiku.

Mwaka 2009, akiwa mwanafunzi wa mwaka wa kwanza, alikuwa mwigizaji wa akiba katika tamthilia ya Eclipsed ya Danai Gurira ilipochezwa Yale. Akiba maana yake unajua kila neno na kila hatua, kisha unakaa nyuma ya pazia usiku baada ya usiku ukisubiri mtu augue. Miaka sita baadaye, 2015, akiwa na Oscar kabatini, alirudi kwenye tamthilia ileile The Public Theater, New York, mara hii nafasi ikiwa yake, na Machi 2016 ikafunguliwa Broadway, penye kumbi kubwa za maigizo za jiji hilo, katika ukumbi wa John Golden. Hadithi ni ya wanawake watano katika vita vya Liberia, nayo inasemwa kwa Kiingereza cha Liberia, ambacho hula konsonanti za mwisho wa maneno na kupanda na kushuka kwa namna inayomchosha asiyezaliwa nacho. Kawaida ya Broadway ni maonyesho nane kwa wiki. Nane kwa wiki, kwa lafudhi ya kuazima, pamoja na mayowe ya vita: koo lisilofunzwa lisingemaliza mwezi. Aliteuliwa kuwania Tony, tuzo kubwa ya maigizo ya Broadway.

Mwaka huohuo ikatoka Queen of Katwe, akiwa Nakku Harriet, mama wa mcheza sataranji Phiona Mutesi, Mira Nair akiwa mwongozaji. Hii ndiyo kazi yake ninayoipenda kuliko zote, na ndiyo iliyotazamwa kidogo kuliko stahili yake. Mkenya kucheza Mganda kunaonekana rahisi kwa mtu wa mbali. Ukweli ni kwamba lafudhi ya jirani ni ngumu kuliko ya mgeni, kwa sababu sikio linadhani linaijua. Katika Luganda l na r ni kama sauti moja yenye sura mbili: huandikwa r baada ya e na i, kwingineko l, na mazoea hayo huvuka hadi kwenye Kiingereza cha Kampala. Kuna pia ile njia ya kuburuta irabu kwa heshima, na ule mguno wa kukubali unaotolewa mdomo ukiwa umefungwa. Mwigizaji asiye makini angebadilisha l na r kila mahali na kuzaa kichekesho. Lupita anazitumia kwa uchache, na mzigo mkubwa anauweka kwenye kimya cha mama ambaye hana kodi ya nyumba wala hataki mtoto ajue.

Black Panther ya 2018 ilipita dola bilioni 1.3, hivyo wengi ndiyo wanayoijua. Lugha ya Wakanda, nchi ya kubuni ya filamu hiyo, iliwekwa kuwa Kixhosa kwa sababu mzee John Kani wa Afrika Kusini alikuwa amekitumia katika filamu ya Marvel iliyotangulia. Mwalimu wa lafudhi alikuwa Beth McGuire, aliyemfundisha Lupita Yale. Kixhosa ni Kibantu, kwa hiyo msikilizaji wa Kiswahili atakamata abantu bila kuambiwa, lakini kina vidoko vitatu, sauti za kugongesha ulimi: cha meno kinachoandikwa c, cha kaakaa kinachoandikwa q na cha ubavuni kinachoandikwa x. Afrika Mashariki vidoko tunavyo kwa Wahadzabe na Wasandawe wa Tanzania na kwa Wadahalo wa pwani ya Kenya, ila kwa wengi wetu ni sauti ya kumwita punda au kusikitika. Kugumu ni kukiingiza kidoko ndani ya silabi bila kusimama, kwa sababu ulimi ukivuta hewa kwa kidoko, anayeanza husahau kwamba sauti ya kooni inaendelea.

Kwa uaminifu, Wakanda haikutoka sawa. Waigizaji walitoka pembe tofauti na wanasikika hivyo: Winston Duke aliijenga lafudhi yake juu ya Kiigbo, na wengine wanapotea katikati ya sentensi ndefu. Nakia wa Lupita ni miongoni mwa wachache ambao Kiingereza chao hakiyumbi tangu tukio la kwanza la msituni.

Us ya Jordan Peele, mwaka 2019, ndiyo kilele, na ndipo penye kosa kubwa la kazi yake. Anacheza watu wawili: Adelaide, mama wa familia, na Red, mfano wake aliyeishi chini ya ardhi. Matukio ya namna hii kwa kawaida hupigwa mara mbili. Upande mmoja kwanza, mwigizaji wa kusimamia nafasi akiwa upande wa pili, kisha mavazi na nywele hubadilishwa na upande wa pili hupigwa kwa kufuata muda uleule. Ukipishana na mwenzako kwa nusu sekunde, mazungumzo yanakufa. Kinachowatenganisha hawa wawili ni sauti kuliko mkasi na suti nyekundu. Red anasema kama anayevuta maneno ndani badala ya kuyatoa, neno likikwama na kuchomoka kwa mkwaruzo. Hadithi inatoa sababu: koo lake lilikabwa utotoni, na hajazungumza na mtu kwa miaka mingi.

Sauti ile ni hatari. Kuzungumza nyuzi za sauti zikiwa zimebanwa huzikausha na kuzisugua hadi zivimbe. Lupita alishirikiana na daktari wa masikio, pua na koo, mtaalamu wa tiba ya sauti na mwalimu wake kupata namna ya kuitoa bila kuumia. Kinga yenyewe si ya siri: mkwaruzo hutengenezwa juu ya nyuzi, kwenye misuli inayozizunguka, pumzi ikisukumwa kutoka kiwamboni, matukio yenye sauti hiyo hupangwa kwa mafungu mafupi, na baada yake mtu hunyamaza kabisa. Wengi hudhani kunong'ona kunapumzisha koo. Mnong'ono wa nguvu hulichosha zaidi.

Kosa lilikuja wakati wa kuitangaza filamu. Alisema wazo la sauti ya Red lilitokana na ugonjwa wa kweli ambao misuli ya koo hujikaza yenyewe na kumkata mtu maneno. Shirika la Marekani la wenye ugonjwa huo likalalamika, na kwa haki: watu wanaotazamwa vibaya kila wanapoagiza chai walikuta hali yao imefanywa sauti ya jinamizi. Aliomba radhi kwenye televisheni. Mwigizaji anaweza kuchota kwenye maradhi, kwenye ajali, kwenye vilio vya msibani. Kila mmoja hufanya hivyo. Lakini akilitaja chimbuko hadharani, amewavalisha wenye maradhi kinyago cha mhusika. Wakosoaji wa filamu wa New York walimpa tuzo ya mwigizaji bora wa kike mwaka huo. Oscar haikumteua hata kuwania, na naiona kuwa moja ya aibu za Oscar za muongo ule.

Kuhusu The 355 ya 2022, ambamo ni Mwingereza mtaalamu wa kompyuta, hakuna mengi. Filamu ilianguka na haikustahili kusimama. Kinachouma zaidi ni ambacho hakikufanyika. Alikuwa na haki za kuigiza Americanah ya Chimamanda Ngozi Adichie, mfululizo wa sehemu kumi ulishaagizwa na HBO Max mwaka 2019, kisha 2020 janga la korona likavuruga ratiba, akajitoa na mradi ukafa. Katika riwaya ile shujaa, Mnijeria aliyeko Marekani, anaamua siku moja kuacha kuigiza lafudhi ya Kimarekani. Hakuna mwigizaji aliye hai ambaye nafasi hiyo ingemkaa kama ambavyo ingemkaa yeye.

Sasa zirudie zile filamu mbili za 2024. Katika filamu ya kimya yeye ni Samira, mshairi anayekufa kwa saratani, na kila kilio chake hakina budi kumezwa. Sikiliza anavyopumua: pumzi za puani, fupi, kisha moja ndefu mvua ya radi inapomruhusu kupiga yowe. Roboti Roz ni kinyume chake. Anaanza na uchangamfu wa kupangiliwa, ule wa sauti za simu na kompyuta zinazotujibu bila kutujua, na kwa zaidi ya saa moja sauti hiyo inapoa, inashuka, inapata nyufa, hadi tunamsikia mama. Hakuna dakika moja unayoweza kusema hapa ndipo ilipobadilika.

Filamu ya uhuishaji hurekodiwa sauti kabla ya picha kukamilika. Mwigizaji huwa peke yake kwenye kibanda, akirudia mstari mmoja mara nyingi kwa namna tofauti, na huitwa tena na tena kwa muda mrefu kadiri hadithi inavyobadilishwa. Kuna pia siku ya miguno: kuanguka, kuruka, kugongwa, kukabwa. Studio zenye busara huiweka mwisho wa kipindi, maana ikitangulia inakula sauti ya mazungumzo yote yanayofuata. Hata hivyo Lupita, pamoja na mafunzo yake yote, alipata kinyama kwenye nyuzi za sauti kutokana na kazi ya Roz, ikabidi anyamaze. Sauti ya juu, nyembamba na yenye tabasamu la kudumu haina vitisho kama ya Red, na pengine ndiyo sababu ilimpata: hakuna anayekwenda kwa daktari kujikinga na uchangamfu. Tuzo za Annie, zinazotolewa kwa filamu za uhuishaji, zilimtangaza mwigizaji bora wa sauti.

Haya yanatuhusu moja kwa moja. Filamu nyingi za Dar es Salaam na Nairobi hupoteza watazamaji sikioni kabla ya machoni. Kipaza sauti kinaachwa juu ya kamera mita tatu kutoka kwa msemaji, badala ya kuletwa kwa fimbo nusu mita hadi mita moja juu ya kichwa chake. Jenereta linanguruma nyuma ya ukuta. Hakuna anayerekodi nusu dakika ya utulivu wa chumba, basi mhariri akikata, kimya cha hapa hakilingani na kimya cha pale. Mwigizaji naye anafika seti bila kupasha koo moto, anapiga mayowe asubuhi, na kufika jioni anazungumza kwa mkwaruzo ambao haukuandikwa popote. Mhusika wa Sumbawanga, wa Lamu na wa Kigoma wote wanasema Kiswahili cha Kinondoni. Dakika kumi za kumrekodi mzee wa Lamu zingegharimu nauli na vocha.

Na soko la sauti lipo. Tangu mwaka 2011, TBC ilipoonyesha tamthilia ya Kichina ya Doudou na Mama Wakwe Zake kwa Kiswahili, kuingiza sauti tamthilia za nje kumekuwa ajira ya kweli kwa Waswahili. Wanaodumu ndani yake ni wale wanaoweza kukaa saa sita kibandani bila koo kufunga, na kumpa mama mkwe wa Beijing sauti ambayo bibi wa Temeke ataiamini.

Agosti 2025 ukumbi wa wazi wa Delacorte, ndani ya Central Park, New York, ulifunguliwa tena baada ya ukarabati kwa tamthilia ya Shakespeare, Twelfth Night, mwongozaji akiwa Saheem Ali, mzaliwa wa Nairobi. Lupita alikuwa Viola, na mdogo wake Junior alikuwa Sebastian, pacha aliyepotezana naye baharini. Pacha wale walifanywa wahamiaji kutoka kwetu. Mbele ya watu zaidi ya elfu moja kila usiku, katikati ya beti za Kiingereza za miaka mia nne iliyopita, kulikuwa na pale walipozungumza Kiswahili.